Bustani ya Kokoto: Kazi Kubwa Iko Chini ya Mawe

Elmstead Market ni kijiji katika jimbo la Essex, mashariki mwa Uingereza. Mvua yake ya mwaka mzima ni takriban milimita 500. Dodoma, mji ambao ukitajwa tu watu huwaza ukame, hupata wastani wa milimita 550 hadi 600. Kwa hesabu ya kalamu, Dodoma imeizidi Essex. Lakini kule Essex iko bustani ya changarawe iliyotengenezwa mwaka 1991 na 1992 mahali palipokuwa maegesho ya magari, na tangu miche yake iliposhika haimwagiliwi. Inaishi kwa mvua tu. Huku Dodoma, pita mitaa mipya mwezi wa Septemba: utakuta ukoka umekauka hadi mizizi, kokoto nyeupe zimemwagwa kando ya ukuta, na katikati yake miche mitatu ya maua imejikunja ikisubiri dumu la jioni.

Kinachotofautisha sehemu hizi mbili ni kalenda ya mvua. Essex hunyeshewa kidogo kidogo karibu kila mwezi, na jua lake ni la upole. Dodoma hupokea karibu mvua yake yote kati ya Desemba na Aprili, mara nyingi kwa kishindo cha alasiri moja, na hata humo katikati, Januari au Februari, kiangazi kifupi hupenya. Kisha hufuata miezi saba ya jua na upepo. Hewa ya Dodoma ina uwezo wa kunyonya zaidi ya mara tatu ya maji yanayoshuka kutoka mawinguni. Kwa hiyo anayetaka kubuni bustani ya maji machache katika mji kama huu asijiulize ataishije bila maji. Ajiulize maji ya miezi mitano atayaweka wapi ili mimea iyakute mwezi wa kumi. Jibu ni moja: ardhini. Mawe na kokoto vina kazi katika jibu hilo, ila ni kazi ya mwisho, na bustani nyingi za kokoto hufa kwa sababu zilianzia hapo.

Jambo hili si la mapambo tu. Mwaka 2016 Serikali ilipotangaza kuhamia Dodoma kwa vitendo, mji ulianza kupanuka kwa kasi ambayo wenyeji hawakuwahi kuiona. Nyumba mpya zilikuja na wazo la uzuri kutoka Dar es Salaam na Arusha: pevingi mlangoni, nyasi za kijani mbele. Fanya hesabu. Nyasi katika kiangazi cha bara huhitaji karibu milimita 5 za maji kwa siku ili zibaki kijani, yaani lita 5 kwa kila mita ya mraba. Kiwanja cha nyasi cha mita 10 kwa 10 kinakunywa lita 500 kila siku, madumu 25 ya lita 20. Chanzo kikuu cha maji ya mji kwa miongo mingi kimekuwa visima vya Makutupora, kaskazini mwa mji, na watafiti waliochambua kumbukumbu za zaidi ya nusu karne za visima hivyo waligundua kwamba maji yake ya chini hayajazwi sawasawa kila mwaka. Hujazwa hasa katika miaka michache ya mvua kubwa, kama ile ya El Niño ya 1997 na 1998. Nyasi ya leo inakunywa mvua ya mwaka ule. Mimi naona hesabu hiyo peke yake inatosha kumfanya mwenye nyumba afikirie upya uwanja wake.

Bustani ya Essex ilibuniwa na Beth Chatto, mkulima wa maua aliyefungua kitalu chake mwaka 1967 na kufariki mwaka 2018. Mumewe, Andrew, alitumia maisha yake kuchunguza kila mmea wa bustanini umetoka pori gani: penye mwamba au penye kinamasi, kusiko na mvua au kwenye kivuli cha msitu. Kanuni ya Beth ilitokana na uchunguzi huo: panda mmea pale panapofanana na kwao. Alipoamua kuyageuza maegesho ya magari kuwa bustani, hakuagiza changarawe kwanza. Ardhi ilikuwa imeshindiliwa na magurudumu kwa miaka, ngumu kama barabara, kwa hiyo aliileta trekta yenye jino refu ikaupasua udongo kwa kina. Akachora mipaka ya vitalu kwa kulaza mpira wa maji chini na kuupinda hadi mistari ikamridhisha macho. Akachanganya mboji, kwa sababu udongo wake ulikuwa mchanga na changarawe tupu. Ndipo akapanda. Changarawe ilitandazwa baada ya yote hayo, ikafunika vitalu na njia kwa pamoja, hata mtu akipita anajiona kama anatembea ndani ya mto uliokauka.

Mimea yake haitufai sana. Mingi asili yake ni pwani za Mediterania, ambako mvua hunyesha wakati wa baridi na kiangazi huja na joto. Dodoma mvua huja na joto na kiangazi huanza na usiku wa baridi wa Juni. Kinachofaa kuchukuliwa kwake ni mpangilio wa kazi: pasua, lisha kidogo, panda, funika.

Kwa nini mawe yafunike? Udongo mtupu ukilowa, chembe zake zimekaribiana kiasi kwamba maji hupanda yenyewe kutoka chini kwenda juu, chembe hadi chembe, kama mafuta yanavyopanda kwenye utambi wa taa. Yakifika juu, jua na upepo huyabeba, na yaliyo chini hupanda tena kujaza nafasi. Hivyo ndivyo shamba lililolowa hadi kiunoni linavyokauka bila mmea hata mmoja kunywa. Weka sentimita 5 za kokoto juu yake na njia hiyo inakatika. Nafasi kati ya kokoto ni pana mno, maji hayawezi kuzipanda. Yanaweza kutoka kwa mvuke tu, na mvuke hupita taratibu kwenye hewa iliyotulia kati ya mawe. Faida nyingine ni kwamba tone la mvua halipigi udongo moja kwa moja, kwa hiyo udongo haufanyi ule ukoko wa juu unaoyafukuza maji yateremke mtaani. Na kwa kuwa maji ya visima vingi vya Dodoma yana chumvichumvi, udongo usiokaushwa kutokea juu haurundiki chumvi haraka kwenye mizizi.

Asiyeamini ajaribu nyumbani. Chukua ndoo mbili kuukuu zenye matundu chini, zijaze udongo wa uwanjani, mwagilia zote hadi zichuruzike, kisha ziache zitulie. Funika moja kwa kokoto, nyingine iache wazi, na zote uziweke juani. Baada ya wiki chimba kwa vidole. Ndoo iliyo wazi udongo wake utakuwa umejitenga na kingo, umepasuka, na kidole kitagonga ukoko. Kwenye ile iliyofunikwa, sogeza kokoto pembeni: udongo utakuwa bado mweusi kwa unyevu, na utaganda kwenye kucha.

Wakulima walilijua hili kabla ya wabunifu wa bustani. Katika mkoa wa Gansu, kaskazini magharibi mwa China, watu wametandaza changarawe juu ya mashamba kwa mamia ya miaka, na kupitia humo wanalima tikiti maji kwenye nchi isiyo na mvua ya kutosha. Katika kisiwa cha Lanzarote, mali ya Hispania karibu na pwani ya Afrika, volkeno zililipuka kuanzia 1730 hadi 1736 na kufukia mashamba kwa majivu meusi ya kokotokokoto. Wakulima walichimba mashimo mapana ndani ya majivu hadi wakaufikia udongo wa zamani, wakapanda mizabibu humo chini, na upande unakotokea upepo wakajenga ukuta mfupi wa mawe wenye umbo la mwezi mchanga. Mvua ya kisiwani ni kama milimita 150 tu kwa mwaka, robo ya mvua ya Dodoma, na divai inatengenezwa hadi leo. Dodoma, ambayo nayo ni nchi ya zabibu na ya upepo mkali, ina la kujifunza hapo: ukuta ule mfupi wa mawe una thamani sawa na kokoto zenyewe. Upepo wa Agosti hadi Oktoba hukausha majani kuliko jua. Mstari wa mawe wa kufika gotini, uliowekwa upande wa mashariki na kusini mashariki mwa kitalu, unaweza kuuokoa mche ambao dumu la jioni lisingeuokoa.

Hapa lazima niseme juu ya nailoni, kwa kuwa karibu kila fundi bustani huitaka. Anatandaza nailoni nyeusi juu ya ardhi, anatoboa matundu ya miche, anamwaga kokoto juu, na kumwambia mwenye nyumba kwamba magugu hayataota. Kwa msimu mmoja ni kweli. Lakini mvua ikija, maji yanateleza juu ya nailoni na kukimbilia mtaroni, na udongo chini yake unabaki mkavu na bila hewa, hata kama mvua imekuwa nzuri. Mizizi hukusanyika kwenye vitundu vile vidogo. Halafu vumbi la Dodoma linashuka juu ya kokoto mwaka mzima. Baada ya misimu miwili kuna udongo wa kutosha kati ya mawe, na mbegu za magugu zinaota juu ya nailoni, ambako huwezi kulima wala kung'oa vizuri. Nailoni inafuta sababu yote ya kuwa na bustani hii, ambayo ni kuyaacha maji yaingie. Ikiwa umeshaiweka, itoe.

Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kusoma ardhi. Chimba shimo la sentimita 30, lijaze maji, yakiisha lijaze tena, halafu angalia saa. Kwenye udongo mwekundu wa kichanga, ulio mwingi Dodoma, maji ya mara ya pili huisha ndani ya saa chache. Yasipoisha hadi kesho yake, ama kuna tabaka gumu chini, ama uko kwenye udongo mweusi wa mbuga. Tabaka gumu hupasuliwa kwa sururu, sentimita 40 au 50 pale miche itakapokaa, bila haja ya kugeuza udongo wote. Udongo wa mbuga ni habari nyingine: huvimba mvua ikinyesha na kupasuka kiangazi, na kokoto humezwa na nyufa. Hapo inua kitalu kwa moramu na mchanga, nusu mita hivi, mizizi isikae kwenye tope.

Kazi ya pili ni maji ya paa, na hapa ndipo ninapotaka msomaji atulie zaidi. Kila milimita moja ya mvua juu ya mita 100 za mraba za bati ni lita 100. Mvua moja ya alasiri ya milimita 30 ni lita 3,000. Kwa mwaka mzima, paa hilo hupokea lita zaidi ya 55,000, na hata ukitoa zinazopotea kwa kuruka na kuvuja, zinabaki zaidi ya 40,000. Sehemu kubwa ya nyumba zetu hutupa maji haya mtaani kwa bomba, na mtaa unakuwa korongo. Tenki la kuyahifadhi yote ni ghali. Ardhi haina gharama hiyo. Chimba beseni pana, mita 2 kwa 3, kina cha sentimita 30, angalau mita 3 kutoka kwenye msingi wa nyumba ili usiudhoofishe. Linabeba lita 1,800 kwa mara moja. Yaelekeze maji ya paa humo kwa mfereji mpana wenye mawe, na toka beseni la kwanza yafurikie la pili. Mfereji huo ndio unaokuwa mto mkavu wa bustani. Nimeona mito mikavu mingi ya mapambo isiyopitisha hata tone, iliyochorwa mahali ambapo maji hayaendi. Ukiitazama macho yanakataa, hata kama hujui kwa nini. Mto mkavu upite pale maji yanapotaka kupita, upana uongezeke kwenye kona, mawe makubwa yakae kwenye ukingo wa nje wa kona kama yanavyokaa mtoni, na changarawe ndogo zitulie upande wa ndani. Ukiutengeneza kwa kufuata maji, sura yake inajipa yenyewe. Angalia tu kwamba beseni linakauka ndani ya siku mbili au tatu baada ya mvua, lisilee mbu.

Mkoa wa Dodoma unajua gharama ya kuyaacha maji yakimbie. Kondoa iliharibiwa na mmomonyoko kiasi kwamba mwaka 1973 ulianzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, HADO, na mwaka 1979 mifugo ikaondolewa kwenye eneo lililoathirika zaidi ili ardhi ipumue. Makinga maji yaliyochimbwa kule kwenye miteremko ndiyo elimu ileile, kwa kipimo cha nyumbani: tuta dogo linalofuata usawa wa ardhi, na maji yanasimama nyuma yake yakinywewa na udongo. Kiwanja chenye mteremko kisisawazishwe. Kikatwe kwa matuta mawili au matatu ya mawe.

Mwalimu wa kupanga mawe makubwa tunaye tayari. Vilima vya graniti viko kila upande wa Dodoma. Nenda chini ya kimoja mwezi wa Oktoba, wakati uwanda wote umekuwa wa kijivu, na uangalie kijani kiko wapi. Kiko pale mwamba unapoingia ardhini. Mwamba haunywi, mvua yote iliyoupiga uso wake imeteremka na kuingia kwenye ukanda mwembamba wa udongo miguuni pake, na kivuli chake kinaukinga ukanda huo nusu ya siku. Ndiyo maana mche mchanga upandwe upande wa mashariki au kusini mashariki wa jiwe kubwa, upate jua la asubuhi na kukingwa na lile la saa tisa. Jiwe lizikwe theluthi moja ya kimo chake. Jiwe lililowekwa juu ya ardhi tu linaonekana limeshushwa na lori jana, na chini yake kuna mwanya. Chagua aina moja ya mawe kwa bustani nzima, ulaze mistari yake ya asili upande mmoja, na uyaweke kwa makundi, moja kubwa na mawili matatu ya kulisindikiza, kisha nafasi tupu ndefu kabla ya kundi jingine. Ile desturi ya kupanga mawe ya saizi moja kuzunguka kila kitalu na kuyapaka chokaa inaondoa uzuri wote wa jiwe.

Watu wetu wana hofu ya haki juu ya mawe: nyoka na nge. Bibi zetu walifagia uwanja hadi ukawa mtupu kwa sababu hiyo, ili chochote kinachotambaa kionekane kabla hakijafika mlangoni. Naiheshimu hekima hiyo, na naona ubunifu mzuri unaweza kuishi nayo. Acha ukanda wa mita 2 kuzunguka nyumba uliofagiwa au wenye pevingi, bila mawe makubwa wala vichaka. Mawe ya bustani yazikwe na nyufa zake zijazwe udongo na changarawe, kwa kuwa nyoka hataki jiwe, anataka mwanya. Rundo la mawe yaliyobaki kwenye ujenzi lisiachwe nyuma ya nyumba. Na anayehamisha mawe ayainue kwa mtaimbo, akitokea upande wa pili, asiingize vidole chini yake.

Kuhusu kokoto zenyewe, maneno machache. Zile za kati ya milimita 10 na 20 zinafaa zaidi; zilizo kubwa zaidi huacha mwanga ukaifikia mbegu ya gugu, na vumbi la kokoto hushikana likawa sakafu. Unene uwe sentimita 5 hadi 7. Ukizidisha, manyunyu mepesi yataishia kulowesha mawe na udongo hautayaona. Mita moja ya ujazo inatosha takriban mita 16 za mraba kwa unene wa sentimita 6. Kokoto nyeupe za kununuliwa kwenye mifuko zinaumiza macho kwenye jua la Dodoma na huonyesha kila doa. Za graniti ya kijivu na ya rangi ya waridi, zinazogongwa hapa hapa na akina mama wenye nyundo, zinafanana na vilima vilivyo nyuma yake, na pesa yake inabaki kwa anayezigonga. Mawe ya mtoni yasizolewe kwenye makorongo, kwani ndiyo yanayoshikilia kingo.

Kokoto pia hupata joto. Mchana uwanja wote wa kokoto hurudisha joto kwenye kuta na madirisha, na usiku huendelea kulitoa. Bustani ya mawe bila mti ni tanuri. Kwa hiyo mti uje kabla ya mmea mwingine wowote, upande wa magharibi wa nyumba. Mgunga hutoa kivuli chepesi kinachoruhusu mimea mingine kuishi chini yake, ila uwe mbali na msingi na njia ya watoto kwa ajili ya miiba. Mlonge hukua haraka, na majani yake ni mboga. Mwarobaini una kivuli kizito na unavumilia sana, lakini hauachi maji mengi kwa jirani. Mbuyu aupande mwenye kiwanja kikubwa, kwa ajili ya wajukuu.

Baada ya mti, mishubiri ya kwetu. Watu wengi wanaijua moja tu, ile ya dawa na sabuni, ilhali Tanzania na Kenya zina aina nyingi za porini, zenye madoa, zenye miiba myekundu, zinazotambaa na zinazosimama. Huchanua kiangazi, wakati hakuna ua jingine, na ndege aina ya chozi huja asubuhi na mapema kuchota asali yake. Zinunuliwe kwenye kitalu chenye miche iliyooteshwa. Zisichimbwe porini: mishubiri karibu yote, isipokuwa ile ya dawa, imo kwenye orodha ya mkataba wa kimataifa wa CITES unaodhibiti biashara ya viumbe walio hatarini, na kilima kilichovunwa mara moja huchukua miaka mingi kurudi. Mkonge mwitu ni mwenyeji wa nyika hizi na huota vizuri kwenye kivuli cha mwamba. Waridi la jangwani, lenye shina nene na maua ya waridi, lipate jua kamili na udongo usiotuamisha. Mnyaa hufanya ua wa kuzuia upepo bila tone la maji. Mimea hii miwili ya mwisho ina utomvu wa hatari: wa mnyaa huunguza macho, na wa waridi la jangwani Wahadzabe huutumia kwenye mishale. Nyumba yenye watoto wadogo iipande nyuma au isiipande.

Katikati ya mimea hiyo weka nyasi za mafungu zinazokauka zikabaki zimesimama, vinka kwa rangi, na chini ya mti lile ua jekundu la mviringo linalochomoza mvua za kwanza zinapopiga, kisha likajificha ardhini miezi yote mikavu. Mpungate usiupande, hata ukipewa bure. Laikipia, nchini Kenya, mmea huo wa Amerika umeteka malisho, umewaumiza mifugo kwa miiba yake, na kuung'oa kumewashinda wafugaji.

Kosa la kawaida ni kupanda kwa kubanana ili bustani ipendeze siku ya kwanza. Mmea wa nchi kame una mizizi mipana kuliko majani yake, na nafasi tupu unayoiona juu ina wenyewe chini. Panda aina chache, kila moja kwa wingi, na uache kokoto zionekane. Na ukichora, chora mara mbili: bustani ya Machi na bustani ya Oktoba. Ile ya Machi itajipendezesha yenyewe. Ya Oktoba lazima isimamiwe na umbo: mawe, mashina, mwanga wa saa kumi na moja ukipita kwenye nyasi kavu. Asiyeweza kuona uzuri katika rangi ya nyasi kavu, ambayo ndiyo rangi ya nchi yake nusu ya mwaka, bado ana nafasi ya kujizoeza.

Chimba Septemba na Oktoba, wakati udongo ni mgumu lakini mkono una nafasi, ili mabeseni na mifereji viwe tayari kabla ya wingu la kwanza. Changanya samadi iliyooza vizuri, debe moja kwa shimo la mti, na kidogo sana au bila kabisa kwa mishubiri. Udongo ulionona hulainisha mmea na kiangazi huukuta dhaifu. Subiri mvua mbili tatu nzito zipite, pengine katikati ya Desemba, udongo ukiwa umelowa hadi kina cha mkono, ndipo upande. Kokoto zitandazwe juu ya udongo uliolowa, kwa sababu kokoto juu ya udongo mkavu hutunza ukavu.

Kiangazi cha kwanza miche itahitaji msaada: lita 10 kwa mche, polepole, mara moja kwa wiki mbili. Kijiko cha kila jioni huivuta mizizi juu, mahali pa kufia. Kiangazi cha pili mara moja kwa mwezi, kwa miti tu. Cha tatu acha. Kila Januari ng'oa magugu yakiwa madogo, udongo ukiwa laini, kabla hayajatoa mbegu. Kila baada ya miaka michache kokoto zitakuwa zimezama. Ongeza sentimita moja au mbili, na uziache mbali kidogo na mashina.